Kula barabarani Mji wa Kale, Mombasa: maswali ambayo wageni huniuliza kila siku

Nimekuwa nikiwatembeza watu Mji wa Kale kula na maswali ni yaleyale tu, mengine naulizwa saa tano usiku, mtu yuko hotelini hajui kesho ale nini. Bas nimeyaweka yote hapa. Soma kwanza, ukiona bado hujaridhika ndo uniandikie.

Haya matembezi ni ya nini hasa?

Ni ya kula. Historia itakuja yenyewe, huwezi kupita chini ya kuta za Fort Jesus ukanyamaza, lakini kama shida yako ni kujua kila Mreno na kila Muomani aliyekalia ile ngome basi lipa uingie ndani, humo kuna watu wanaijua kazi hiyo kunishinda. Mimi nakupeleka vichochoroni. Tunaanza mbele ya ngome, tunashika Ndia Kuu, tunazunguka Kibokoni, halafu tunatokea kwa upande wa Marikiti na Bondeni, polepole, tukisimama kila penye moshi.

Mbona kila mtu akikuandikia unamuuliza saa kwanza, hata kabla ya kuuliza wako wangapi?

Manake chakula cha barabarani hapa kina saa zake na saa ikipita imepita. Mahamri na mbaazi ni asubuhi, ukija saa nne na nusu utaonyeshwa sufuria linaoshwa. Viazi karai, bhajia, katlesi, hivyo ni vya alasiri, watu wakitoka kuswali ndo mafuta yanapata moto. Mishkaki ni ya magharibi, hakuna mtu atakuwashia makaa mchana kwa jua hili. Sasa mgeni anakuja na orodha ameitoa kwenye simu, vitu kumi na mbili, anataka avimalize kati ya saa nne na saa sita kabla ya kukimbilia treni Miritini. Haiwezekani.

Nilishajaribu siku za mwanzo. Wageni wawili walitoka Nairobi, wana saa mbili tu, wanalilia viazi karai, nikaona nisiwavunje moyo nikawapeleka saa tano asubuhi. Tukapata vya jana vimepashwa moto, vimelegea kama sponji iliyolowa, na wale watu wakala kwa adabu zao hadi wakamaliza, hakuna aliyesema neno. Afadhali wangenitukana. Tangu siku hiyo nauliza saa kwanza, na saa yako isipofaa nakwambia wazi utakula nini na utakosa nini.

Sasa nikiwa na nafasi ya mara moja tu, nije asubuhi au jioni?

Jioni. Vitu ni vingi, jua limepoa, mji umechangamka. Lakini mimi mwenyewe roho yangu iko asubuhi, nitakueleza hapa chini kwa nini.

Hayo mahamri na mbaazi yana nini, si ni maandazi na maharagwe tu?

Usiseme hivyo mbele ya mama anayeuza, tafadhali.

Hamri la hapa linakandwa kwa tui la nazi na iliki, unga unalala usiku uumuke, asubuhi unasukumwa duara na kukatwa vipande vinne, kila kipande ukikitia kwenye mafuta kinavimba kama mto. Ukilipasua ndani linakuwa wazi, kuna hewa tupu na harufu ya iliki inakupiga usoni. Likiwa limejaa nyama ya unga ndani, hilo halikuumuka, au yule mtu alikuwa na haraka. Mbaazi nazo zinarowekwa tangu jana, zinachemshwa mpaka ziwe laini, linatiwa tui jepesi kwanza halafu tui zito mwisho kabisa, moto mdogo, na huku mpishi anakoroga kwa upawa bila kuacha, manake tui likikatika ndo basi, unabaki na maji huku mafuta yanaelea kule. Kuna mama mmoja Kibokoni nampelekea wageni, anakoroga mbaazi kwa mkono wa kulia na kwa mkono wa kushoto anageuza mahamri kwenye karai, na mdomo unamgombeza mjukuu wake amechelewa chuoni, yaani madrasa, yote kwa pamoja, na sijawahi kuona hamri lake limeungua.

Unavyokula: unapasua hamri, unachotea mbaazi ndani, unakula kwa mkono. Kijiko utapewa ukiomba ila watu watakuangalia.

Na hii ndo sababu napenda asubuhi. Mitaa haina kelele, watoto wanakwenda chuoni, wazee wamekaa barazani, unasikia karai za nyumba tatu kwa wakati mmoja.

Viazi karai je?

Karai lenyewe ni ile sufuria pana ya chuma yenye masikio mawili, jina limekuja na Wahindi, na viazi vikachukua jina la chombo. Viazi vinachemshwa kwanza, vinamenywa, vinakatwa vipande, vinachovywa kwenye uji mzito wa unga wenye chumvi na rangi ya manjano, halafu vinatumbukizwa kwenye mafuta mengi. Kazi iko kwenye ule uji. Ukiwa mwepesi unateleza wote, kiazi kinabaki uchi, ukiwa mzito unakula unga. Muuzaji mzuri utamuona anatingisha kila kipande mara moja kabla ya kukiachia, kidogo tu, kama mtu anayekung'uta maji mkononi.

Halafu chatne ya ukwaju juu yake, na pilipili pembeni. Mimi nawaambia wageni chukueni sahani moja mgawane wawili, hakuna anayenisikia, kila mtu anataka yake na tukifika kwenye mishkaki tumbo limeshafunga mlango.

Pilipili ni kali sana?

Ndio. Sema "bila pilipili" mapema, kabla hajanyanyua chupa. Wakikwambia "kidogo tu" jua kidogo chao na chako si kimoja. Ukishaungua usikimbilie maji, ule kipande cha mkate mtupu.

Kuna hatari ya tumbo kuharibika?

Swali zuri na sitakudanganya, chakula chochote cha nje kina bahati yake. Lakini kuna vitu naviangalia. Cha kwanza ni moto: nakula kilichotoka kwenye mafuta au makaa mbele ya macho yangu. Kile kilichopangwa kwenye kabati la vioo tangu mchana kinang'aa hivi nakipita, hata kama kinapendeza. Cha pili ni foleni, na sio foleni ya watalii, naangalia kama kuna watoto wametumwa na vibakuli kutoka majumbani. Mama wa nyumba hamtumi mtoto kwa muuzaji asiyemuamini. Cha tatu maji: sharubati na maji ya ukwaju ni matamu lakini yanachanganywa na maji na barafu, kwa hivyo nakupeleka kwa yule ninayejua maji yake anayatoa wapi, na kama tumbo lako ni la kudeka kunywa dafu, lile limefungwa na Mungu mwenyewe.

Na achari za embe na ndimu, zile zinazouzwa kwenye vikaratasi, ni chumvi na pilipili tupu, usizianzie ukiwa na njaa.

Tukizungumzia dafu, mbona saa nyingine tamu saa nyingine halina ladha?

Kwa sababu si kila kilicho kijani mnazini ni dafu! Kuna kidaka, kikikua kinakuwa kitale, kisha dafu, kisha koroma, kisha ndo nazi. Dafu lina maji matamu na nyama laini unayoikwangua kwa kipande cha lile ganda. Koroma limeshaanza kukomaa, nyama ngumu, maji hayana utamu ule. Mgeni asiyejua anauziwa koroma kwa bei ya dafu, anakunywa, anasema mbona watu wanasifia sana hiki kitu. Muuzaji akishika panga mwambie "nataka la kulamba," yaani lenye nyama laini ya kukwangua, atajua unajua unachotaka.

Mchana kuna nini? Tuna nafasi mchana peke yake.

Mchana ni wa kukaa chini: biriani, pilau, wali wa nazi na samaki wa kupaka. Hivyo si vya barabarani sana, ni vya mikahawa, na ni vizuri. Barabarani mchana utapata mihogo, juisi ya miwa yenye ndimu na tangawizi, mabuyu. Mabuyu ni zile mbegu za mbuyu zilizopikwa na sukari na rangi nyekundu, unamumunya unatema kokwa, na utarudi hotelini na ulimi mwekundu kama umekula tambuu. Unaweza pia kuingia Marikiti ununue iliki na mdalasini wa kwenda nao nyumbani. Soko lile liko tangu 1914, kwenye karatasi linaitwa Mackinnon lakini ukimuuliza mwenye tuktuk kwa jina hilo huenda akakuuliza liko wapi.

Je, hivi vyakula ni vya asili kweli? Rafiki yangu anasema vingi ni vya Wahindi na Waarabu.

Rafiki yako hajakosea, ila amesimama nusu ya njia. Bhajia na chapati ni Wahindi, kaimati, yale madonge ya unga ya kukaanga yenye shira, ukimwambia Mwarabu wa Ghuba atakwambia hizo ni luqaimat zake, biriani jina lake ni la Kiajemi. Hata muhogo ambao kila mtu anadhani tumezaliwa nao, asili yake ni Amerika, na pilipili hali kadhalika, Wareno ndo walioleta, haohao walioanza kujenga Fort Jesus mwaka 1593. Kwa hivyo ukikaa pale nje ya ngome unakula muhogo wa kuchoma na pilipili na ndimu, unakula meli ya Mreno. Wao wenyewe waliondolewa 1698, muhogo ukabaki.

Lakini sasa tia tui la nazi. Mbaazi zinaliwa huko India na kwengine, zikifika hapa zikatiwa tui. Samaki wa kuchoma wako dunia nzima, hapa anapakwa tui na ukwaju. Kwa hiyo mimi nikiulizwa cha hapa ni kipi nasema ni huko kutia tui, vingi vingine ni wageni waliokaribishwa wakakaa.

Na urojo mnao?

Urojo wafuate Unguja, ni wao na nawapa heshima yao. Hapa tuna viazi vya rojo, na bhajia na vikorokoro ndani, ni ndugu wa karibu. Wazanzibari wakija tunabishana hili jambo mpaka kahawa inapoa.

Nyama ni halali? Na mimi sili nyama kabisa, nitapata chochote?

Halali, ndio, hiki ni mji wa Waislamu. Na usiulizie bia njiani tafadhali.

Asiyekula nyama hapa anafaidi kuliko wote: mbaazi, mahamri, viazi karai, bhajia za kunde, muhogo, vitumbua, mkate wa sinia. Chunga tu katlesi na sambusa, nyingi zina kima, yaani nyama ya kusaga, ulizia kila mara. Na kama una mzio wa njugu niambie kabla hatujaanza kutembea, manake kashata nyingine ni za njugu na mafuta ya karai hayabagui.

Tunaweza kuja Ramadhani?

Mnaweza, ila saa zinageuka zote. Mchana vibanda vimefungwa na kula barabarani watu wakiwa wamefunga si adabu, hata kama hakuna atakayekwambia kitu. Halafu kuanzia alasiri ndo unaona maajabu, meza zinatolewa nje ya nyumba, kaimati, sambusa, tambi za sukari, vibibi, mkate wa sinia, akina mama ambao mwaka mzima hawauzi kitu wanauza mwezi huu. Watu hawali, wananunua tu wakiwahi futari, na njia hazipitiki. Adhana ya magharibi ikitoka mtaa unanyamaza ghafla, dakika ishirini hivi hata paka hayupo. Mimi siku hizo nawaomba wageni tununue tubebe, tusubiri adhana kama watu, tule pamoja na wenyeji. Hakuna aliyewahi kulalamika. Usiku baada ya tarawehe mji unaamka tena.

Ijumaa mchana pia usipange kitu, watu wako msikitini.

Tuvae nini? Tunaweza kupiga picha?

Vaa nguo inayofunika mabega na magoti, mwanamume na mwanamke. Viatu vya kutembelea, vichochoro vingine vina maji.

Picha ya chakula piga unavyotaka. Picha ya mtu omba, na akisema hapana ni hapana, usinyanyue simu kwa ujanja ukijifanya unapiga mlango. Milango yenyewe ya nakshi piga mpaka uchoke. Nilishampoteza muuzaji mmoja mzuri wa vitumbua kwa sababu ya mgeni wangu aliyempiga picha kwa siri, yule bibi mpaka leo ananiuzia mimi peke yangu, nikija na mgeni vitumbua "vimekwisha" hata kama naviona vimejaa.

Nibebe pesa ngapi?

Chakula chenyewe si ghali. Ukiwa na shilingi 500 kwa ajili ya vitafunio vya jioni utakula mpaka uombe msaada, samaki na biriani hesabu mbali. Beba noti ndogo. Mtu anauza hamri la shilingi chache asubuhi na mapema wewe unampa elfu, achenji wapi? M-Pesa karibu wote wanapokea, lakini kwa bibi wa vitumbua toa sarafu, utapendwa.

Malipo yangu mimi ni kwa kundi na tunakubaliana kabla hatujaanza, na nasema wazi kama chakula kimo ndani au hakimo. Ukikutana na mtu anakwambia "tutaelewana mwisho", jua mwisho hamtaelewana.

Beba pia kikopo chako kama unataka kubeba chakula. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku Kenya tangu 2017, utafungiwa kwenye gazeti au karatasi, na viazi vyenye chatne ndani ya gazeti havifiki Nyali salama.

Wewe una leseni? Tutajuaje gaidi wa kweli?

Kwanza neno hilo "gaidi", kila mtu pwani analitumia kwa anayetembeza watalii, lakini kwenye kamusi gaidi ni mhalifu, kwa hivyo usimpigie mamako simu ukamwambia uko na gaidi vichochoroni Mombasa. Pili, ndio, anayetembeza watalii anatakiwa awe na leseni ya Tourism Regulatory Authority, muombe akuonyeshe, asiyekuwa nayo ataanza hadithi ndefu. Na kuna kipimo changu ambacho si cha serikali: angalia kama wauzaji wanamsalimia. Mtu akipita mtaa mzima hakuna aliyemuuliza habari za nyumbani, huyo naye ni mgeni kama wewe.

Supu ya pweza ni kweli inaongeza nguvu za kiume wanavyosema?

Wanasema mengi. Mimi najua ni ya moto, ina chumvi, ina pilipili manga, na saa mbili usiku wanaume wamesimama pale kila mmoja anajifanya amepita tu. Onja.

Kahawa ni ile ya mtungi? Ni chungu?

Chungu kabisa, haina sukari wala maziwa, ina tangawizi, saa nyingine iliki. Inatoka kwenye dele, lile birika refu la shaba lenye makaa chini yake, na muuzaji anagonganisha vikombe mkononi, kling kling, utamsikia kabla hujamuona. Vikombe ni vidogo kama vya kuchezea. Utamu unautafuta kwenye kashata au tende au kipande cha halua, unang'ata kidogo unapiga funda. Wageni wengi wanakunywa kimoja wanakunja uso, cha pili wananyamaza, cha tatu wanauliza dele linauzwa wapi. Na hapa ndo mahali pa kukaa, barazani, usikie watu wanabishana siasa na mpira kwa Kimvita, Kiswahili cha Mombasa, hata kama unashika nusu ya maneno.

Laithausi mnafika?

Mkitaka tunamalizia huko, ni mbali kwa miguu kwa hivyo tunachukua tuktuk. Laithausi ni kule Mama Ngina, mbele ya bahari, meli zinapita karibu zikiingia bandari ya Kilindini. Chakula chake ni krispi za muhogo zinazokaangwa hapohapo na kunyunyiziwa pilipili ya unga na ndimu, na madafu. Jumapili jioni Mombasa nzima iko kule, ukitaka utulivu nenda siku nyingine.

Watoto na wazee wanaweza kuja?

Watoto sana. Wazee pia, mabaraza ni mengi, tunapumzika kila mara. Kiti cha magurudumu kina shida kwenye baadhi ya vichochoro, niambie mapema nibadilishe njia.

Nikija peke yangu bila wewe siwezi kula?

Utakula vizuri tu, hakuna anayezuiwa, mji ni salama mchana na wenyeji watakuelekeza. Utakachokosa ni majumba. Wapishi wengine hawana kibanda wala bango, ni mlango na pazia, unagonga unasema hodi, na asipokujua atakwambia hakuna kitu. Hapo ndo napata riziki yangu.

Haya, tunaonana wapi?

Mbele ya lango la Fort Jesus. Wa asubuhi saa moja, wa jioni saa kumi baada ya swala ya alasiri. Wanaotoka Kusini wavuke na feri ya Likoni, kwa miguu hulipi chochote, halafu wapande tuktuk. Na wa asubuhi nawaomba kitu kimoja, msinywe chai hotelini. Kila wiki kuna mtu anakuja ameshakula mayai na soseji kwa sababu "zimelipiwa tayari", halafu tunafika kwa mama wa mbaazi anaomba nusu hamri.